Karthago hadi Kerkouane: kutafuta bandari ya Wafoinike huko Tunisia

Haya nayaandika nikiwa nimesharudi Dar, kwa kufuata daftari langu na picha zilizojaa kwenye simu. Wafoinike ni mabaharia wa kale kutoka Lebanoni, na Karthago (leo Carthage) ndio mji waliouanzisha huku. Kazi yangu ni kutoa mizigo bandarini, basi msinitegemee sana kwenye habari za sanamu na nakshi. Muda mwingi macho yangu yalikuwa yanatafuta gati, maghala na njia za maji. Nilikwenda mwezi wa Aprili. Jua la Tunisia mwezi huo ni la kuota tu, na asubuhi utataka sweta.

Jumamosi: Dar – Cairo – Tunis

Nilipitia Cairo. Ndege ya pili ilichelewa sana, tukagawiwa mikate na maji na kuambiwa tuvute subira. Mama mmoja wa Kitunisia aliyekuwa anarudi kutoka umra akafungua mfuko wake wa tende akazungusha kwa safu nzima, anayejua Kiarabu na asiyejua. Kiarabu changu ni cha madrasa, cha kusomea dua, lakini tulielewana. Alitaka kujua nina watoto wangapi na kwa nini sikuja nao.

Tulitua Tunis usiku wa manane. Dereva wa teksi wa kwanza alinitajia dinari 40 kunipeleka katikati ya mji. Nikamshukuru, nikasogea hadi barabarani, nikapata mwingine aliyewasha mita. Hazikufika 15.

Kwa atakayefuata: dola moja inacheza kwenye dinari tatu. Shilingi zetu usizibebe, hakuna atakayezitazama. Beba dola au yuro. Sheria ya Tunisia hairuhusu kutoka na dinari nje ya nchi, kwa hiyo badilisha kidogo kidogo na tunza risiti za benki. Teksi za njano zina mita, na neno moja la Kifaransa, "compteur", litakuokoa mara nyingi kuliko hasira.

Jumapili: Salammbo, tofeti na bandari

Stesheni ya treni ya TGM iko mwisho wa barabara kuu ya Bourguiba, inaitwa Tunis Marine. Nauli hadi Carthage haizidi chenji ya dinari moja. Treni inapita juu ya tuta lililokatiza ziwa la Tunis, maji kushoto, maji kulia, na heroe wamesimama kwa mbali wameinamisha shingo. Vijana hushikilia milango isifunge ili upepo uingie. Usishangae, na usisimame karibu nao.

Carthage ya leo ni kitongoji cha matajiri. Magofu yametawanyika katikati ya nyumba nyeupe zenye bougainvillea, na stesheni kadhaa za treni zina jina la Carthage, kila moja ikiwa karibu na gofu lake. Mimi nilishuka Carthage Salammbo. Tiketi ya dinari 12 inakuingiza kwenye magofu yote ya hapo kwa siku hiyo, kwa hiyo usiitupe, kila lango watakuomba uionyeshe.

Nilianza na tofeti, mahali pa kale pa kuzikia majivu ya vichanga, kwa sababu iko karibu zaidi. Ni kiwanja kidogo chenye miti, mawe ya kumbukumbu yamesimama yakiwa yameegemeana, mengi yamelala. Chini yake vilifukuliwa vyungu kwa maelfu, ndani yake majivu na mifupa ya watoto wachanga, na mingine ya wana-kondoo. Kwenye mawe kumechongwa alama ya Tanit, mungu wa kike wa Wakarthago: pembetatu, mstari wa kulala juu yake, na duara juu ya yote, kama mtoto alivyochora mwanamke mwenye gauni. Maandishi yake yanafuata mtindo mmoja: kwa Bibi Tanit, Uso wa Baal, na kwa Bwana Baal Hammon, hii ni nadhiri ya fulani bin fulani, kwa kuwa waliisikia sauti yake. Wagiriki na Warumi waliandika kwamba Wakarthago walichinja watoto wao. Wataalamu wamegawanyika tangu mahali hapa pagundulike mwaka 1921, wengine wakisema ni makaburi ya vichanga waliokufa wenyewe. Mimi nikisoma lile neno nadhiri, na kuona mifupa ya kondoo imezikwa kwa heshima ileile, nashindwa kuamini kwamba ni makaburi ya kawaida. Lakini pia habari hizi tumeachiwa na watu walioichoma nyumba ya marehemu, na hilo lazima lihesabiwe.

Mlinzi, mzee mwenye koti la sufu, aliniona nimeinama muda mrefu akanipeleka chini ya kuba la matofali la Kirumi ambako mawe mengine yamepangwa gizani. Akawasha tochi ya simu yake, akaipitisha kwa pembeni badala ya mbele. Alama ambazo sikuwa nimeziona kabisa zikajitokeza: mkono ulionyooshwa kiganja, mwezi mwandamo, nanga. Nilipotoa noti akanikunjia ngumi yangu, akasema niende nikaone bandari kabla jua halijawa kali.

Bandari sasa. Nilitegemea kuona kitu kikubwa, nikaona dimbwi la mviringo la maji ya kijani, nyumba za kifahari pande zote, watoto wawili wanavua kwa ndoano, na kisiwa kidogo katikati kilichounganishwa na nchi kavu kwa njia ya udongo. Pembeni kuna dimbwi jingine refu. Mtu asiyejua atapita akidhani ni mabwawa ya samaki.

Hilo refu lilikuwa la meli za biashara, la mviringo la merikebu za vita. Appian, aliyeandika kwa Kigiriki katika karne ya 2 BK, anaeleza kwamba meli zote ziliingilia mlango mmoja uliofungwa kwa minyororo ya chuma. Bandari ya ndani ilikuwa na chelezo za kupandishia merikebu 220, kila moja na nguzo mbili mbele, hivi kwamba ukitazama kutoka majini ungedhani umezungukwa na baraza moja ndefu. Nyumba ya amiri wa merikebu ilikuwa kwenye kisiwa. Kutoka pale aliona baharini, na wa baharini hawakuona ndani. Hata wafanyabiashara walioegesha bandari ya nje walizuiwa na ukuta wa safu mbili wasichungulie. Waingereza walipochimba kisiwa hicho miaka ya 1970, chini ya Henry Hurst, walikuta misingi ya chelezo hizo. Mistari ya mawe iliyoinamia maji bado unaiona ukisimama kisiwani. Hesabu ya merikebu ilikuja pungufu kidogo, lakini umbo lilikuwa lilelile.

Kilichonikalisha chini kwenye jiwe ni umri wa zile chelezo. Vigae vilivyopatikana chini ya misingi ni vya karne ya 2 KK. Karthago ilishindwa vita ya pili na Roma mwaka 201 KK, ikalazimishwa kusalimisha tembo wake na merikebu zake za vita, ibaki nazo 10 tu, na kulipa talanta 10,000 za fedha kwa miaka 50. Sasa mji uliobakiwa na merikebu 10 unajenga maegesho ya mamia kwa nini? Na unapata wapi fedha? Nimeshughulika na bandari muda wa kutosha kujua kwamba hakuna anayejenga gati asilokusudia kulitumia. Roma nao walikuwa na wajumbe wao, na wajumbe wana macho.

Chakula cha mchana nilikula Le Kram, nikiwa nimetembea kwa miguu. Brik: chapati nyembamba mno inayokunjwa na yai bichi, tuna na majani ya kotimiri, ikatumbukizwa kwenye mafuta ya moto. Ukiiuma vibaya kiini kinakutiririkia hadi kwenye kiwiko. Watu wa meza ya jirani walinisubiri wafurahi, nao wakafurahi.

Jumatatu: Byrsa

Makumbusho mengi Tunisia hufungwa Jumatatu, likiwemo la Bardo, lakini magofu ya Carthage yako wazi, basi panga ratiba yako hivyo. Nilishuka stesheni ya Carthage Hannibal nikapanda kilima cha Byrsa kwa miguu. Makumbusho ya juu kilimani yalikuwa yamefungwa kwa ukarabati. Kanisa kuu la Wafaransa lipo, lilijengwa mwishoni mwa karne ya 19 kwa heshima ya mfalme Louis wa 9 aliyefia hapa mwaka 1270 akiwa kwenye vita vya msalaba.

Byrsa ndipo hadithi ya mji inapoanzia. Wanasema Elissa, binti mfalme wa Tiro, ndiyo ileile Tiro ya kwenye Biblia, iliyoko Lebanoni, alimkimbia kaka yake Pygmalion baada ya kumuulia mume. Alipotia nanga hapa akaomba ardhi ya kutosha ngozi moja ya ng'ombe. Wenyeji wakacheka wakakubali. Akaichana ngozi ugwe mwembamba, akazungusha kilima kizima. Mapokeo yanaweka mwaka 814 KK, na vitu vya kale zaidi vilivyochimbuliwa havipishani nao sana. Kwa karne nyingi Karthago iliendelea kupeleka sadaka kwenye hekalu la mungu Melqart huko Tiro, kama mtoto anayetuma fedha nyumbani. Aleksanda Mkuu alipouvamia Tiro mwaka 332 KK alikuta wajumbe wa Karthago humo ndani, wamekuja kwa ibada hiyo. Mama akaanguka, binti akabaki peke yake na bahari yote ya magharibi: Sardinia, sehemu ya Sisilia, na fedha ya Hispania.

Kwenye mteremko wa kusini kuna mtaa wa nyumba za Wakarthago wenyewe. Kabla ya kushuka, simama juu uangalie. Nguzo nene za mawe za Kirumi zimechomekwa katikati ya vyumba bila kujali ukuta wala mlango. Warumi walipokuja kuujenga mji wao hapa, enzi za Kaisari Augusto, walikata kilele cha kilima na kumwaga kifusi mteremkoni kisha wakakizuia kwa nguzo hizo. Kifusi kikafunika nyumba, na kwa kufunikwa ndiyo zikapona.

Nyumba ni ndogo, zimepangika kwa mistari iliyonyooka. Sakafu zimetiwa vipande vya marumaru kwenye saruji nyekundu. Chini ya kila nyumba kuna birika la maji ya mvua, refu na jembamba, ncha zake za mviringo, limepigwa lipu ya kijivu yenye majivu ndani yake. Nilipitisha kidole ukingoni mwa moja: lipu bado laini kama kigae cha bafu. Fundi aliyeilainisha hakuwa na wasiwasi wa kesho. Mtaa huu nao ulijengwa mwanzoni mwa karne ya 2 KK, miaka ileile ya deni na masharti. Hannibal, jemadari wao, baada ya kushindwa vitani Zama mwaka 202 KK, alichaguliwa mtawala wa mji, akaziba mianya ya wakubwa waliokuwa wanakula mapato ya forodha, na hazina ikajaa. Mwaka 191 KK Karthago ilijitolea kulipa deni lote lililobaki kwa mkupuo. Roma ikakataa. Aliyekudai akikataa kulipwa, ujue fedha siyo anayoitaka.

Deni liliisha mwaka 151 KK. Cato, seneta mzee aliyewahi kutembelea Karthago akaona ilivyonawiri, alikuwa anamalizia kila hotuba yake kwa kutaka mji huo uangamizwe. Inasimuliwa aliwahi kuangusha tini mbichi mbele ya baraza na kuwaambia zimechumwa nchi iliyo umbali wa siku tatu kwa meli. Jirani wa Karthago, mfalme Massinissa wa Numidia, alikuwa anamega ardhi yao kila mwaka, nao walikatazwa kupigana bila ruhusa ya Roma. Mwaka 150 KK wakachoka wakapigana, na kisingizio kikapatikana.

Yaliyofuata nimeyasoma mara nyingi na bado yananiudhi. Roma ikadai watoto 300 wa wakubwa wawe rehani, wakapelekwa. Ikadai silaha, Karthago ikatoa za watu 200,000 na mitambo 2,000 ya kurushia mawe. Silaha zilipokwisha kupokelewa ndipo Censorinus, konseli (mmoja wa wakuu wawili wa Roma), akatamka sharti la mwisho: mji utabomolewa, wenyeji wahamie popote watakapo, mradi iwe stadia 80 kutoka baharini. Ni kama kilomita 15, yaani kutoka Posta hadi Kimara hivi. Akaongeza na mawaidha, kwamba bahari inawatia watu tamaa na kilimo kinatuliza moyo. Hapo ndipo nilipoelewa ile bandari ya jana. Ukuta unaweza kuujenga upya, jeshi unaweza kulikusanya. Mji wa gati ukiutenga na gati umeuua bila kuchomoa upanga, na wale mabwana walilijua hilo vizuri kuliko yeyote.

Wakarthago wakafunga malango. Wakageuza mahekalu kuwa karakana, wanawake wakakata nywele zao zisokotwe kamba za mitambo. Wakastahimili kwa miaka mitatu hivi. Scipio Aemilianus, jemadari wa Roma, alipoziba mdomo wa bandari kwa tuta la mawe, walichimba mlango mpya upande wa pili, usiku na mchana, wanawake na watoto wakibeba udongo, wakaibuka baharini na merikebu 50 zilizoundwa kwa mbao kuukuu. Laiti wangeshambulia siku hiyohiyo! Walitoka, wakajionyesha, wakarudi ndani. Walipopigana siku zilizofuata, Warumi walikuwa wameshajikusanya.

Majira ya kuchipua ya mwaka 146 KK Warumi waliingia kupitia bandari. Kutoka soko lililokuwa karibu na bandari hadi hapa Byrsa ni mwendo wa dakika chache, ukiwa na chupa ya maji hutatoa hata jasho. Wao ilichukua siku sita, nyumba kwa nyumba, wakivuka juu ya mapaa kwa mbao. Watu 50,000 walitoka na kusalimu amri, wakauzwa utumwani. Hasdrubal, aliyekuwa akiongoza ulinzi, naye alijisalimisha, na mkewe akamlaani mbele ya Scipio kabla ya kujitupa motoni na watoto wake. Polybius, mwanahistoria wa Kigiriki, alikuwepo, na ndiye chanzo cha habari kwamba Scipio alilia akitazama, akiiwazia Roma yenyewe.

Mwongoza watalii mmoja alikuwa anawaambia Wafaransa wake kwamba Warumi walimwaga chumvi ardhini pasiote kitu. Hakuna mwandishi wa kale aliyelisema hilo. Ardhi ile ilikuwa na rutuba mno kwa Warumi kuiharibu, na ndiyo baadaye iliyowalisha ngano. Kitu walichokichukua kwa adabu zote ni vitabu vya kilimo vya Mago, mwandishi wa Karthago, juzuu 28, vikatafsiriwa Kilatini kwa amri ya Seneti.

Jambo la kuchekesha kidogo: hakuna mkataba wa amani uliowahi kufunga vita ya tatu. Mameya wa Roma na Carthage waliusaini mwaka 1985.

Mabafu ya Antoninus yaliyoko ufukweni ni makubwa na ya Kirumi, niliyapita. Sidi Bou Said kwa bambalouni, andazi la moto lenye sukari, picha mbili, treni, kulala.

Jumanne: kwenda Kelibia

Magari ya abiria ya kwenda mikoani yanaitwa louage. Ni basi dogo jeupe lenye mstari, nyekundu kwa safari ndefu, bluu kwa za mkoa, njano kwa za vijijini. Halina ratiba: likijaa linaondoka. Tiketi unakata dirishani kwa bei ya serikali, hakuna kupatana, hakuna kupigiwa debe na watu watatu wanaovuta begi lako. Kwa mtu aliyezoea Mbagala inakuwa kama kuna kitu kimekosekana. Ya Kelibia yanatoka kituo cha Bab Alioua. Tulisubiri abiria wa nane hadi karibu saa sita mchana. Alipotokea, mwanafunzi wa kike mwenye boksi la vifaranga, gari zima lilimpigia makofi.

Ukifika Nabeul wakati huu wa mwaka fungua dirisha. Maua ya michungwa huvunwa Aprili ili kukamuliwa maji ya manukato, na barabara nzima inanukia.

Kelibia ni mji wa wavuvi, na ngome juu ya kilima, karibu na Kerkouane, gofu la mji wa kale nililolikusudia. Chumba cha nyumba ya wageni kilikuwa kisafi, maji ya moto yanakuja yakitaka. Usiku nilikula dagaa wakubwa wa kuchoma, saladi ya pilipili za kuchoma, na mkate usiokwisha. Harissa, pilipili ya kusaga, wanaileta kwanza, imezungukwa na mafuta ya zeituni. Mpishi aliniuliza nyumbani kwetu tunakula pilipili? Nikaila harissa yote kwa kijiko, kwa heshima ya taifa.

Jumatano: Kerkouane

Panda gari la El Haouaria, mwambie dereva akushushe njia panda ya Kerkouane, kisha utembee kuelekea baharini. Njia imenyooka, mashamba pande zote mbili. Sikuwa nimefika mbali, mkulima mwenye pikapu akasimama bila kupungiwa mkono. Nyuma kulikuwa na miche ya pilipili, mbele mkewe. Akanionyesha nikae nyuma na miche yake niilinde isianguke. Kwenye lango akakataa fedha, akanipa na machungwa mawili.

Kama una siku moja tu ya kutumia Tunisia kwa ajili ya Wafoinike, nasema bila kusita, iache Carthage uje hapa. Karthago imelaliwa na Roma. Kerkouane haikulaliwa na mtu. Iliachwa katikati ya karne ya 3 KK, wakati wa vita ya kwanza na Roma, na Regulus, jemadari wa Roma, alishuka na jeshi lake rasi hii mwaka 256 KK. Hakuna aliyerudi kujenga. Mchanga ukaifunika mpaka mwaka 1952.

Unaingia na kukuta mitaa. Kuta zimebaki za magotini au kiunoni, lakini kila mlango unajulikana. Njia ya kuingilia nyumba imepindishwa ili mpita njia asione uani. Mtu wa Lamu au Mji Mkongwe ataielewa bila kuelezwa. Na karibu kila nyumba, hata ndogo, ina bafu lake. Siyo bafu la umma la Kirumi la kwenda kupiga soga. Ni kiti cha kuogea cha mtu mmoja, kimejengwa kwa saruji ya waridi, kina pa kukalia, pa kuegemeza mikono na shimo la miguu, na mfereji unaotoa maji hadi mtaani. Moja lilikuwa na maji ya mvua ya usiku na chura ndani yake. Alinitazama kama mwenye nyumba.

Kwenye kizingiti cha nyumba nyingine yuko Tanit, vipande vyeupe kwenye sakafu nyekundu, alama ileile ya tofeti, lakini hapa inakaribisha wageni. Ukuta wa mashariki umekaribiana mno na bahari, na mawimbi yanakula ukingo. Yalipatikana pia makombe ya wale konokono wa baharini waliotolewa rangi ya zambarau, bidhaa iliyowatajirisha Wafoinike tangu Tiro. Ndani ya makumbusho madogo ya hapo yupo mwanamke wa mti, mfuniko wa jeneza uliochongwa umbo lake. Mti, uliokaa ardhini zaidi ya miaka 2,000.

Nilikaa humo hadi wanafunga. Hakuna kivuli wala mgahawa. Beba maji, kofia na mkate. Kurudi barabarani nilitembea njia yote, nikala machungwa ya mkulima.

Alhamisi: mvua kutwa. Nilirudi Tunis, nikalala.

Ijumaa: Bardo na Zaytuna

Asubuhi Bardo, kwa tramu. Watu huenda kwa ajili ya mosaiki za Kirumi, nazo zinajaza kuta hadi dari, lakini mimi nilikuwa natafuta jiwe moja dogo kutoka kwenye tofeti: kuhani amesimama ubavu, mkono mmoja umeinuliwa kwa dua, mwingine umembeba mtoto. Mistari michache tu. Nililitazama, nikakumbuka ubishi wa wataalamu, nikaendelea kuamini nilichoamini Jumapili.

Kabla ya sala nikaingia kwa muuza lablabi ndani ya medina, yaani mji mkongwe. Unapewa bakuli la udongo na mkate wa jana, unaumega mwenyewe vipande vidogo. Kisha unalipeleka bakuli kaunta, naye anamwagia dengu nyeupe na supu yake, bizari nyembamba, harissa, yai, mafuta ya zeituni. Bei haikufika dinari tano na hutahitaji chakula cha usiku. Jirani yangu aliona mkate wangu nimeumega vipande vikubwa, akauvuta upande wake akaanza kuumega upya bila kusema neno.

Msikiti wa Zaytuna uko katikati ya medina. Wasio Waislamu huruhusiwa hadi uani tu, na siyo nyakati za sala. Ndani ni msitu wa nguzo, vichwa vyake havifanani, nyingine fupi zimeinuliwa kwa kitako kirefu. Nyingi zilibebwa kutoka Carthage. Waarabu waliuchukua mji ule kutoka kwa Wabizanti mwaka 698 wakaona heri kujenga Tunis, nyuma ya ziwa, mahali ambapo manowari za maadui hazifiki kirahisi. Kwa hiyo lile sharti la Censorinus lilikuja kutimia, na waliolitimiza walikuwa na sababu zao wenyewe. Mawe yakaja kwa mzigo, karne baada ya karne. Nilisali nikiwa nimebanwa kati ya nguzo ya kijivu na kijana wa chuo aliyenikaribisha chai baadaye, chai ya nanaa yenye kokwa za msonobari zikielea juu.

Jumamosi: kurudi

Ukitoa ndege, safari nzima ilinigharimu chini ya nilivyotenga, na kilichokula zaidi ni vyumba. Uwanja wa ndege fika mapema, foleni ya ukaguzi ni ndefu. Dinari zilizobaki badilisha kabla ya kuvuka forodha, ukiwa na risiti. Sarafu hawabadilishi, zangu nilishazimalizia mjini kwa mikebe minne ya harissa, iliyosafiri kwenye begi la kukabidhi na kufika Dar bila kuvuja.